Slalomu na mkokoto

Seljord, Norwei
Januari 18

Shoga yangu Mwanaidi,

Salaam nyingi kutoka kwenye baridi. Sisi wazima, mtoto amekua, baba yake bado analalamikia theluji kana kwamba imeanguka jana kwa mara ya kwanza.

Ujumbe wako wa sauti niliusikiliza mara tatu. Mara ya kwanza nilikuwa kazini, chumba cha kufulia, nikacheka peke yangu mpaka mwenzangu akachungulia. Yaani mtoto wa kidato cha pili anakusimamisha mbele ya darasa zima, "Mwalimu, slalomu ni nini?", kisa ameisikia kwenye televisheni ya jirani; wewe ukamjibu haraka haraka, "Ni mbio za kupinda-pinda," halafu usiku ukakosa usingizi. Nakujua. Tangu tukiwa Tanga shuleni ulikuwa hivyo, jibu likikutoka halijaiva linakuwasha wiki nzima. Ningekujibu kwa sauti siku ile ile, ila jambo lenyewe ni refu, na lina kisa ambacho nilikuwa nimekuwekea hata kabla hujauliza.

Kwanza alichokiona mwanafunzi wako. Mtu anateremka mlima wa theluji juu ya skii mbili, yaani mbao ndefu nyembamba zinazofungwa miguuni, na njia nzima imechomekwa vijiti, vyekundu na bluu kwa kupokezana. Kila jozi inaitwa mlango, upana wake mita 4 hadi 6, na lazima apite katikati ya kila mmoja, miguu yote miwili na ncha zote mbili za skii. Akiruka mmoja, kwaheri. Kwenye Olimpiki, kwa wanaume, kutoka juu hadi chini kimo kinashuka mita 180 hadi 220, na mtu anakimaliza chote kwa muda wa dakika moja hivi. Kisha anarudi kuteremka mara ya pili, na safari hiyo vijiti vimeshahamishwa, muda wa mara zote mbili unajumlishwa. Utawaona wanavipiga vile vijiti kwa mikono na kwa miundi, pa! pa! pa! Usiogope. Chini vina bawaba, vinalala na kuinuka vyenyewe. Anayekata kona kwa mbali bila kuvigusa amejichelewesha mwenyewe.

Kwa hiyo jibu lako darasani halikuwa na kosa, maana kupinda-pinda kweli wanapinda. Kosa litakuja ukiliandika kwenye daftari lako la istilahi mbele ya "maana ya neno". Neno lenyewe halina kona hata moja ndani yake. Hilo nimelijua mwezi uliopita tu, tena kwa ajili ya mfuko wa kokoto.

Ilikuwa hivi. Asubuhi hiyo njia ya kuingilia nyumba ya wazee ninakofanya kazi ilikuwa barafu tupu, inang'aa kama sakafu iliyopigwa nta. Dawa yake huku ni kokoto ndogondogo, zinamwagwa juu ili kiatu kipate pa kushika. Mfuko ulikuwa upande wa pili wa uwanja, mzito, na wa kunisaidia hakuna. Nikaukamata masikio, nikaukokota kinyumenyume juu ya theluji mpya mpaka mlangoni. Kuinua kichwa, namwona Babu dirishani ananyoosha kidole nyuma yangu. (Huku mzee wa miaka tisini anaitwa kwa jina lake tupu, hata na mtoto. Mimi ulimi umekataa. Namwita Babu, kwa Kiswahili, na amelizoea.) Nikadhani nimetoboa mfuko, namwaga kokoto za watu. Kumbe anaonyesha ule mfereji niliouacha, mpana, laini, umeng'aa katikati na kuinuka kingo pande mbili.

"Fin låm," akaniambia nilipoingia. Låm nzuri. Ile a yenye kiduara juu inasomwa o, kwa hiyo sema "lom".

Miaka saba ya Kinorwei, na cheti ninacho kabatini, neno hilo sikuwahi kulisikia. Nikamuuliza mwenzangu wa zamu, binti wa Oslo, naye hakulijua. Babu akafurahi kweli, ujue wazee wanavyopenda kumshika kijana hajui. Ujana wake alikuwa akivuta magogo kwa farasi kutoka msituni, kipindi cha theluji, kwa sababu gogo juu ya theluji huteleza, kiangazi linakwama. Gogo likishapita, akasema, kinachobaki chini ndiyo låm.

Mwanaidi! Nilisimama pale na glavu mkononi. Nimetoka kukokota mfuko wa kokoto, na nimeacha mkokoto, alama ya kitu kilichokokotwa. Neno letu hilo hilo, lilivyo, halipungui wala halizidi. Unamkumbuka bibi yangu wa Pangani, alikuwa akiamka alfajiri na kwenda kutazama mikokoto mchangani? Mfereji wa tumbo la ngalawa, na kando yake mkwaruzo mwembamba wa upande mmoja, kwa kuwa ngalawa ikivutwa huinamia upande. Alikuwa anajua nani ameshua na nani bado amelala, kabla hajaonana na mtu. Na hapo anajua aende na kikapu saa ngapi.

Basi, slalåm. Jumamosi huku wazee wanakula uji wa mchele, mzito, na siagi katikati, sukari na mdalasini juu. Nikakaa karibu na Babu, nikamwambia anieleze, akanielezea kwa kijiko juu ya uji. Akasawazisha upande mmoja kwa mgongo wa kijiko, ukawa mteremko wa taratibu. Huo ni "sla", akasema, mahali palipoinama kidogo. Akapitisha ncha ya kijiko kutoka juu hadi chini, mstari. Hiyo ni låm. Sla na låm, slalåm: mkokoto wa kwenye mteremko mwororo. Njia ya watoto, wavulana kwa wasichana, ambao bado hawajathubutu kwingine. Kisha akachimba shimo, akapandisha ukingo, akasema hii ni ufsilåm, njia yenye kizuizi kimoja cha kutisha: ukuta wa mawe, genge la kurukia, kona mbaya. Halafu akauvuruga upande wote uliobaki, siagi ikamwagikia sahani. Uvyrdslåm! Njia ya asiyejali, vizuizi juu ya vizuizi. Mimi ningeiita njia ya mtovu wa adabu. Akaula uji wote, pamoja na mlima.

Haya ni maneno ya huku huku mkoani kwetu Telemark, lahaja ya Seljord na Morgedal, kijiji kilicho jirani yetu. Mtoto alipelekwa Morgedal na shule yake, nikafuatana nao. Kuna kijumba cha magogo, Øverbø, alikozaliwa Sondre Norheim mwaka 1825. Mtu maskini, hakuwa na shamba lake. Ila alisokota fito laini za mti akazipitisha nyuma ya kisigino, zikaufunga mguu kwenye skii, na hapo ndipo mtu akaweza kuruka na kukata kona bila skii kumponyoka. Mwaka 1868 akaenda kwenye mashindano ya mji mkuu, Oslo ya leo, wakati huo ukiitwa Christiania, umri wake miaka 42, akawashinda vijana wote. Mwaka 1952, Olimpiki ya majira ya baridi ilipofanyika Oslo, mwenge uliwashwa kwenye meko ya kijumba hicho. Meko yenyewe ndogo tu, kama ya mama lishe. Naye alishahama zamani. Mwaka 1884 alikwenda Marekani kutafuta maisha, akafia North Dakota mwaka 1897, nchi tambarare kama kiganja. Hapo nilimwonea huruma kuliko pote.

Sasa, neno limetokaje kwa watoto hadi kwa mabingwa? Ni Mwingereza, Arnold Lunn. Mwaka 1922 huko Mürren, Uswisi, alipanga mashindano kwa kanuni zake: bendera zinawekwa mbili mbili, unapita katikati, na mshindi anahesabiwa kwa muda tu, maringo ya mwili hayana alama. Akachukua jina la Kinorwei, slalom, akaliweka juu ya kitu chake. Mwaka 1936 slalomu ikaingia Olimpiki ikiwa nusu ya shindano la mchanganyiko, pamoja na mbio za kuteremka, mwaka 1948 ikapata medali yake yenyewe. Kwa hiyo kona zote zile mwanafunzi wako alizoziona zimeletwa na kanuni. Neno lilitoka kijijini likiwa mtoto, likarudi na ndevu.

Na liliporudi, Wanorwei wenyewe wakalipokea likiwa na ndevu hizo hizo. Siku hizi mtu wa kawaida akisema anakwenda "å stå slalåm", kwa tafsiri ya neno kwa neno kusimama slalomu, ana maana ya kwenda kuteremka mlimani penye lifti, vijiti viwepo visiwepo. Mlima wowote wa namna hiyo ni "slalåmbakke". Na dereva anayechomoka huku na kuingia kule barabarani, naye anaambiwa anaendesha slalåm. Mume wangu aliposikia hilo alisema kumbe bodaboda wote wa Dar es Salaam ni mabingwa wa dunia. Hata wenye mitumbwi ya kasia wamelichukua, wana slalomu ya mtoni, milango inaning'inia juu ya maji yanayochemka. Mle sla ipo, nakubali. Låm iko wapi? Maji hayashiki alama.

Mimi nimejaribu, usicheke. Mlima wa watoto, pembeni yangu mtoto wa miaka minne ana chuchu ya mpira mdomoni. Mwalimu anasema "plog!", anabana ncha za skii zikutane mbele na visigino vipanuke, ndiyo breki. Plog ni plau, Mwanaidi, plau ile ile ya ng'ombe. Nilipojua hivyo mwili ulielewa wenyewe, nikalima theluji yote mpaka chini, polepole, magoti yanatetemeka. Mara ya pili nikajitia ujuzi, nikaacha kulima. Nilisimamishwa na wavu. Nikageuka kutazama juu, naona mistari yangu miwili inakuja vizuri, inaachana, halafu inakuwa mmoja mpana sana. Huo wa mwisho haukuwa wa skii.

Mwambie pia huyo kijana wako kwamba mambo haya hayako mbali na pwani yetu kama anavyodhani. Sabrina Simader alizaliwa Kilifi mwaka 1998, akahamia Austria akiwa mdogo, na mwaka 2018 aliiwakilisha Kenya kwenye Olimpiki ya Pyeongchang, Korea Kusini. Shindano lake moja lilikuwa slalomu kubwa, ambayo milango yake imeachana zaidi na mwendo wake ni mkali zaidi. Mtoto wa Kilifi! Hilo litamkaa kichwani kuliko yote niliyokuandikia.

Kuhusu daftari lako, maoni yangu ni haya, na wewe ndiye mwalimu. Mchezo uuite slalomu, ngeli ya i-zi, usihangaike kuutafutia jina jipya. "Shule" tuliichukua kwa Wajerumani na hakuna anayekumbuka. "Mbio za kupinda-pinda" iweke kama maelezo, si kama jina, kwa sababu hata mbio za magari na za pikipiki zinapinda. Ila kwenye asili ya neno tafadhali andika mkokoto. Usiandike "njia", usiandike "alama". Njia hutengenezwa ili ipitwe, na låm ya Babu ilibaki tu baada ya gogo kupita. Vijana wako wengi huenda hawalijui neno mkokoto, nalo litakufa kimya kama lilivyokufa låm kwa yule binti wa Oslo, basi angalau waliokote hapo.

Nina shida moja, na wewe ndiye uko karibu. Nilimsimulia Babu habari za mikokoto ya ngalawa, akanihoji kama polisi. Gogo huteremka tu, akasema, halipandi. Sasa ngalawa inashuka na inapanda. Je, mkokoto wa kushua na mkokoto wa kupandisha una jina moja? Nilinyamaza. Bibi angejua, na bibi hayupo. Ukienda Pangani mwisho wa mwezi kumwona mama, pita pale kwenye kivuko, uwaulize wale wazee wanaoshona nyavu. Uliza na alama ya ngalawa iliyovutwa ikiwa imejaa samaki kama nayo ina jina lake. Babu anaulizia kila zamu yangu, na kila nikimwambia bado, anatikisa kichwa kama nimemficha.

Mama mpe salamu, mwambie zile dagaa zilifika, zimebaki kidogo.

Wako,
Zuhura