Barua kwa mwanangu: uso wa Ferribotte

Tanga, Jumapili usiku

Mwanangu,

Pesa ya dawa imefika, ahsante. Simu yako ya juzi bado imenikaa kifuani. Ulisema tamthilia imekwisha, majina yamepita kwenye kioo, hata dereva yumo, wewe humo. Miezi yote ile umemtilia sauti yule bibie wa Kituruki, umelia na kucheka badala yake, halafu sokoni muuza nyanya anaisifu sauti yake mbele yako, nawe umesimama na kikapu. Sikukujibu palepale kwa sababu jibu langu lina Mwitaliano ndani yake, na wewe ukisikia Roma tu unajua baba ameanza.

Miaka ile niliyoosha sahani Roma, mpishi wetu, mtu mzima mkali, kila nikichelewesha masufuria alikuwa akiniita "Ferribotte". Nikadhani ni tusi. Siku moja akanieleza habari za Tiberio Murgia.

Huyu alizaliwa mwaka 1929 Oristano, kisiwani Sardinia. Aliwahi kuchimba makaa ya mawe Ubelgiji, huko Marcinelle, penye mgodi ambao Agosti 1956 moto wake uliua watu 262. Riziki ikamrusha hadi Roma, akaishia jikoni kama mimi, anaosha vyombo kwenye mgahawa waliokuwa wakila watu wa sinema. Uso wake ukawapendeza. Mwongozaji Mario Monicelli alikuwa akitengeneza I soliti ignoti, filamu ya mwaka 1958, na alihitaji Msisilia, mtu wa kisiwa cha Sicilia, wa kucheza mwizi aitwaye Ferribotte. Jina la filamu ni kauli ya magazeti yao kwa wezi ambao polisi hawajawakamata: walewale wasiojulikana. Usicheke.

Sasa, Murgia si Msisilia. Ni sawa na kumtoa mtu Bukoba ukamwambia aseme Kimvita. Wao hawakuhangaika: uso wakachukua wa Murgia, sauti akatia Renato Cominetti. Enzi hizo filamu nyingi za Italia zilipigwa picha kwanza, maneno yakaingizwa studio baadaye, kwa hiyo mdomo wa huyu na koo la yule havikuwa na undugu. Humohumo mzee Carlo Pisacane, Mnapoli, anasikika kama mtu wa Bologna. Claudia Cardinale, mzaliwa wa Tunis, anayecheza dada wa Ferribotte, naye alitiliwa sauti, maana Kiitaliano chake kilikuwa bado kichanga.

Niliitafuta nikaitazama. Ferribotte kavaa nyeusi, kidevu juu, amemfungia dada yake ndani kulinda heshima. Hatabasamu, na ndipo unapovunjika mbavu. Mwishoni wezi wanatoboa ukuta usio wenyewe. Badala ya kutokea kwenye sefu wanatokea jikoni. Basi wanakaa kula tambi na dengu za wenyewe. Murgia anakula kwa adabu, kama mgeni aliyealikwa. Pale hapakuhitaji sauti ya mtu. (Na jina hilo Ferribotte ni Kiingereza cha kivuko kilichovurugwa na ndimi za Kusini, kama sisi na pantoni yetu.)

Tangu hapo akawa Msisilia wa kudumu. Mwaka 1959 akamchezea tena Monicelli katika La grande guerra, filamu iliyogawana na nyingine tuzo ya Simba wa Dhahabu kwenye tamasha la Venice, na humo pia ni Msisilia. Zaidi ya filamu 100, hadi kifo chake mwaka 2010, na mabwana wa sinema hawakumchoka mtu wao mwenye kidevu juu.

Nilimuuliza mpishi: na mwenye sauti ni nani? Akakodoa macho. Filamu aliijua neno kwa neno, akiigiza ile lafudhi huku anakata vitunguu, lakini Cominetti hakumjua. Jina hilo nililipata mwenyewe miaka mingi baadaye, na nilipolipata nilifurahi kana kwamba nimeokota pochi ya ndugu.

Mkataba ujao, mama, jina lako liandikwe kabla hujafungua kinywa. Ukiona haya, nipe namba yao, mimi haya ziliniishia kwenye masufuria.

Jana umeme ulirudi saa mbili, tamthilia wanairudia. Mama yako kawaita majirani, akaenda hadi kwenye kioo, akamgusa yule Mturuki mwenye mkufu. "Huyu wangu," akasema. Jirani akauliza mbona hamfanani. Akamwambia afumbe macho.

Baba yako