Msinipongeze kwa kuacha gemu

Kwa Mhariri,

Nimesoma ile barua ya msomaji aliyetaka tuzime waifai nyumbani saa tatu usiku sababu gemu za mtandaoni, anasema, ni ndugu wa kamari na pombe, na ati mtu mzima akiacha apigiwe makofi. Sasa mimi ni mtu mzima, nina miaka 42, nina kaduka ka kufotokopi na kuprinti hapa Nakuru mjini, naishi Kiamunyi, na nimeacha. Makofi nimepigiwa. Mama mkwe alituma salamu, kinyozi akanipunguzia shilingi hamsini, na mzee mmoja wa kanisa alinishika mkono akautikisa kama nimetoka jela. Niliona aibu kweli, manake kusema ukweli mimi sikuacha. Ilijifia tu. Kadi haikuwa na pesa.

Gemu yenyewe inaitwa Final Fantasy XIV, ya kampuni ya Kijapani Square Enix, si ile ya mpira kwa simu wala ya bunduki. Ni dunia nzima ndani ya kompyuta, watu maelfu wako ndani saa hiyo hiyo, na ili uingie unalipa kila mwezi, ile bei ya chini dola 12.99. Unalipa, unaingia, basi. Hakuna mtu anakurudishia hata ndururu, na hapo ndipo simwelewi huyo ndugu na kamari yake, kwa sababu mwenye kamari anaweka mia akitarajia elfu, mimi nilikuwa naweka kama vile watu wanalipia king'amuzi, na mwanzo wa 2024 dola ilipopita shilingi 160 niliweka zaidi ya elfu mbili bila kulalamika, nikaacha soda na mandazi ya saa nne.

Nilianza wakati wa korona. Mnakumbuka Machi 2021 Nakuru ilifungiwa pamoja na Nairobi, Kiambu, Machakos na Kajiado, hakuna kutoka kaunti hakuna kuingia, kafyu saa mbili usiku. Duka lilikuwa limekufa, nani anafotokopi nini wakati ofisi zimefungwa? Hiyo gemu ina mlango wa bure, wakati huo ulikuwa unacheza mpaka levo ya 60 bila kulipa na bila mtu kukuhesabia siku, kwa hivyo niliidaunlodi kwa bando za usiku, ikachukua karibu wiki, leptopu ikichemka kama jiko. Kwa bure huwezi kujiunga na kundi, huwezi kununua sokoni. Nikalipa. Na ukishalipa mara moja, kumbuka hii nitaihitaji mbele, ule mlango wa bure kwako umefungwa, hurudi tena huko.

Nikapata kundi. Wale wazito wa kutuongoza ni dereva wa lori Mreno, mama wa Poland mwenye wajukuu, na kijana wa Misri aliyekuwa anasomea mambo ya meno. Alhamisi tunaenda vitani watu wanane, wawili wa kukinga, wawili wa kutibu, wanne wa kushambulia. Mimi nilikuwa wa kutibu. Kazi ya kutibu huwezi kuelewa mpaka uifanye, wewe hata adui humwangalii, unaangalia tu vile vijistari vya uhai vya wenzako saba, kimoja kinashuka, unakijaza, viwili vinashuka, unachagua nani afe. Ukisinzia sekunde mbili mmekufa wote na mnaanza upya. Kuna adui mmoja tulimrudia kuanzia kabla ya Krismasi mpaka Februari, na siku alipoanguka yule Mreno alipiga kelele kwa spika mpaka mke wangu akaja na mwiko akidhani ni mwizi.

Saa nazo zilikuwa vita. Wao miadi yao ni saa mbili usiku ya Poland, lakini kule Ulaya Jumapili ya mwisho ya Machi wanasukuma saa mbele, Oktoba wanarudisha nyuma, sisi hapa jua letu halijui hayo. Kwa hivyo nusu ya mwaka naanza saa tatu usiku, nusu nyingine saa nne. Nilikuwa nimebandika karatasi ukutani dukani, wateja wanadhani ni ratiba ya treni. Na ile Mei 2024 nyaya za chini ya bahari za EASSy na Seacom zilipokatika, intaneti Afrika Mashariki yote ikawa ya kujikokota, mimi nabonyeza dawa sasa, dawa inafika mgonjwa ameshazikwa. Niliwaambia watafute mtu mwingine wa kutibu. Wakakataa. Waliahirisha Alhamisi zote mpaka mtandao wangu ukakaa sawa, kijana wa Misri akasema atatumia nafasi hiyo kusomea mtihani.

Sasa nyumba. Kule ndani kuna viwanja, lakini ni vichache, watu ni wengi, kwa hivyo tangu Aprili 2022 ni bahati nasibu, unaweka pesa ya kule inaitwa gil, unangoja. Nilikosa mara nane. Mara ya tisa nikapata kiwanja kidogo pale Lavender Beds, kando ya maji, gil milioni tatu na kitu, za kutafuta kwa kuvua samaki miezi na miezi. (Mimi mtu ambaye plot ya kweli ya Lanet bado nalipa mdogo mdogo na title sijaiona.) Binti yangu ndiye aliyepanga fanicha, akaweka meza ndefu sebuleni kama ya shosho yake, viti vingi kuliko watu. Nje nikapanda vitunguu. Kuna vitunguu vya huko vinaitwa vya Thavnair, vinachukua siku kama kumi na usipovimwagilia vinanyauka. Ndege wa kupandwa kama farasi, wale wanaitwa chokobo, ndio wanakula hivyo vitunguu, na sokoni vina bei nzuri. Huyo mama wa Poland nilimwandikisha kama mpangaji wangu ili siku stima ikipotea amwagilie.

Sheria ya kule ni kwamba mwenye nyumba asipoingia kwake siku 45, inabomolewa, kiwanja kinarudi kwa bahati nasibu. Na ni mwenyewe aingie, mpangaji hahesabiki. Mimi sheria hiyo naiunga mkono, nilikosa mara nane kwa sababu ya watu waliokalia viwanja bila kuishi. Mpaka mwenye nyumba aliyekawia akawa mimi.

Ilikuwa mwaka jana shule zikifunguliwa. Karo, yunifomu, godoro, sanduku, na ile orodha ya shule yenye mpaka fagio. Ile kadi ya Visa ya ndani ya simu huwa naijaza kutoka M-Pesa tarehe tatu, mwezi huo tarehe tatu nilikuwa naangalia salio kama mtu anayeangalia kidonda. Kampuni ikajaribu kukata, ikakosa, ikaniandikia barua pepe ya heshima. Nikasema Ijumaa. Ijumaa tona ya mashine ikaisha. Nikasema mwisho wa mwezi. Hapo katikati sikukaa chini hata siku moja nikaamua, na nataka msomaji aelewe hivyo, hakuna usiku nilioshinda majaribu, hakuna maombi, ni elfu moja mia saba tu zilizokuwa zinatafutiwa kazi nyingine kila zikionekana.

Na nilikuwa naona aibu. Hilo ndilo nimechelewa kuliandika. Wiki ya pili Mreno alinitumia ujumbe kwa Discord, ile app ya kuchati ya kundi letu, maneno mawili tu, uko sawa? Nikajibu niko bize kidogo na kazi. Ningesema sina pesa wangenilipia, najua, yule mama alikuwa ameshamlipia kijana wa Misri miezi miwili. Lakini mtu mzima wa Kiamunyi umwambie bibi wa Poland hujafikisha dola kumi na tatu? Nikanyamaza. Wiki ya tano wakaniuliza kwa upole kama wanaweza kuchukua mtu wa kutibu wa muda. Nikasema sawa kabisa, chukueni. Usiku huo saa nne nilikuwa sebuleni naangalia taarifa ya habari na sijui hata ilisema nini, macho yangu yanatafuta vile vijistari.

Ungedhani ningeingia kwa ule mlango wa bure angalau niguse mlango wa nyumba. Haiwezekani, mtu aliyewahi kulipa harudi kwa bure. Mtoto wa jirani ambaye hajawahi kulipa hata senti anaingia anatembea atakavyo, mimi wa miaka niko nje. Sisemi ni makosa, ndivyo biashara ilivyo, ila inachekesha.

Siku 45 zikaisha katikati ya muhula. Sikuona ikibomolewa, huoni kitu, hakuna tingatinga. Kanuni inasema ukirudi ndani ya siku 35 unapata fanicha zako na asilimia 80 ya bei ya kiwanja, na kwa kampuni yenyewe kubomoa si jambo geni, gemu hiyo ilipotoka mara ya kwanza 2010 ilikuwa mbaya sana mpaka Novemba 2012 wakaangusha mwezi juu ya dunia yao wenyewe wakaifunga, wakaijenga upya wakaifungua Agosti 2013. Sasa nyumba yangu na viti kumi na viwili ni nini. Siku 35 nazo zikapita.

Kwa hivyo huyo ndugu aliyeandika, na mzee wa kanisa, na kinyozi (punguzo nitaendelea kulipokea), naomba tuelewane. Usingizi nimepata, ni kweli. Asubuhi nafungua duka mapema, mke anafurahi, na sikatai kuna watu gemu zimewala, nina binamu Naivasha alifukuzwa kazi. Sijasema nitarudi. Lakini mnaponiambia hongera mnasema kana kwamba kule kulikuwa na chupa. Kulikuwa na watu saba. Mimi chama changu hapa mtaani nikikosa kuchanga mara mbili mweka hazina anakuja mpaka mlangoni, anapewa chai, tunaongea, deni linapangwa. Kule nilikosa kuchanga na hakuna aliyeweza kuja mlangoni, hawajui mlango, jina langu la kweli hawajui, na mimi ndiye niliyewaambia niko bize.

Juzi nilifungua Discord kutafuta picha nyingine kabisa ya kazi, nikakuta ujumbe wa mama wa Poland wa siku ile ya mwisho, sikuwa nimeusoma. Hakuandika kitu, ni picha tu. Ni uwanja wangu wa Lavender Beds, jioni ya huko, maji nyuma yanang'aa, na vitunguu vimeiva vyote, majani yamesimama, udongo bado una unyevu. Alikuwa amemwagilia mpaka asubuhi yenyewe. Nilimwonyesha binti yangu aliporudi likizo. Akaikuza kwa vidole, akaangalia dirisha, akasema, "Baba, taa ya sebuleni uliiacha ikiwaka."

Msomaji wenu,
Kiamunyi, Nakuru