Taarifa ya Mwaka ya Mwenyekiti kwa Wanachama: Vitabu, Darubini na Ada

Ndugu Makamu Mwenyekiti, Katibu, Mweka Hazina, wajumbe wa Kamati Tendaji, ndugu wanachama mliofika, na ninyi mtakaoisoma taarifa hii kwenye simu,

Naanza kwa kuwashukuru waliofika. Tuko 19. Daftari la chama chetu cha falaki, yaani elimu ya nyota na sayari, lina majina 64. Mkutano huu tuliuitisha wiki mbili zilizopita, akidi ikakosekana, na leo tunaendelea kwa sababu katiba inaruhusu mkutano ulioitishwa mara ya pili ufanyike kwa idadi yoyote. Asije mtu baadaye akasema hakushirikishwa.

Shughuli za kawaida mnazijua, nazipitia haraka. Tumekutana Jumamosi ya mwisho ya kila mwezi, isipokuwa mwezi wa Ramadhani na ule wa masika ambapo maji yaliingia ukumbini. Safari ya Bagamoyo ya kutazama nyota ilifanyika. Mawingu yalitanda tangu magharibi, tukala samaki, tukarudi Dar. Kabati la vitabu limepatikana. Wanachama wapya watano, waliojitoa watatu. Tulimzika mmoja wa waasisi wetu na rambirambi ilifikishwa. Watu wa nje wameendelea kunipigia simu wakitaka niwaangalizie nyota za ndoa na biashara. Nawaeleza kwamba hiyo si kazi yetu, na naomba wanachama wanaogawa namba yangu waache.

Sasa nije kwenye jambo ambalo limesemwa sana pembeni kuliko vikaoni, yaani uamuzi wa Kamati Tendaji kutumia fedha za mchango wa darubini kununua vitabu vya falaki na historia yake ya zama za kati. Kwenye kundi letu la WhatsApp iliandikwa kwamba mwenyekiti "ameila darubini". Usiku ule sikujibu, kwa heshima ya kiti. Leo najibu, na Katibu aandike.

Kwanza utaratibu. Kamati iliketi ikiwa kamili, watu saba. Watano walikubali, mmoja alipinga, mmoja hajasema kitu hadi leo. Muhtasari upo na kila mwanachama hai anaruhusiwa kuusoma. Tukatoa siku 30 ili aliyechangia darubini na hataki vitabu aandike barua arudishiwe chake. Barua zilikuja mbili, na mmoja wa walioziandika hakuwa amechangia hata shilingi. Wa pili tulikaa naye, tukanywa kahawa, akaifuta barua yake kwa hiari. Hapo nani ameonewa?

Pili, hiyo darubini yenyewe. Bei tuliyopewa ilikuwa shilingi 2,900,000, na mguu wa kuisimamishia ulihesabiwa mbali. Mchango uliopatikana ulikuwa 2,150,000. Kila nikimpigia muuzaji, bei inapanda na maelezo yanapungua. Hata tungeipata, ingewekwa kwa nani? Unyevu wa pwani hii unaotesha kuvu kwenye lenzi mnaufahamu, na taa za mji zinafuta nusu ya anga. Nilipouliza kikaoni nani ana chumba kikavu chenye kufuli, watu wote walitazama sakafu.

Yupo mwanachama, ndugu yangu kabisa, aliyesimama akauliza: chama cha falaki bila darubini ni chama gani? Namjibu tena mbele yenu. Galileo aliielekeza darubini angani mwaka 1609. Kabla ya hapo watu walifanya kazi hii kwa macho, vyombo vya shaba, mawe na hesabu. Ulugh Beg, mjukuu wa Timur, mtawala wa Asia ya Kati, alijenga kituo cha kutazamia nyota Samarkand, Uzbekistan ya leo, katika miaka ya 1420, na ndani yake akaweka tao la kupimia lenye nusu kipenyo cha takriban mita 40. Sehemu yake ya chini, iliyochimbwa ndani ya mwamba, ilifukuliwa mwaka 1908 na mtu anaweza kwenda kuiona hadi leo. Majedwali yake yalikamilika mwaka 1437, yana nyota 1,018, na urefu wa mwaka alioupata kwa kufuata nyota umekosea kwa muda usiofika dakika moja. Lenzi hakuwa nayo. Huyu huyu mwaka 1449 aliuawa kwa amri ya mwanawe. Mimi nimeandikiwa waraka wa kutokuwa na imani tu, kwa hiyo sina budi kushukuru.

Katiba yetu inasema chama kipo kwa ajili ya "kusoma na kueneza maarifa ya falaki". Neno darubini halimo, nimelitafuta kuanzia jalada hadi ukurasa wa sahihi. Na wanaosema kwamba vitabu si vyombo, wakumbuke Maragha, kituo cha kutazamia nyota huko Uajemi. Mwanzilishi wake, mwanafalaki Nasir al-Din al-Tusi, alipopata fedha za Hulagu Khan, mtawala wa Wamongolia, mwaka 1259 hakununua vyombo vya shaba peke yake. Alikusanya na vitabu, na waandishi wa zamani wanataja laki nne. Mimi naona hesabu hiyo imetiwa chumvi, lakini hata ukiikata mara kumi bado inalitia aibu kabati letu.

Kitabu kilicholeta kelele nyingi kuliko vyote ni kile cha nyota zisizotembea cha al-Sufi, mwanafalaki wa Uajemi, ambacho asili yake iliandikwa mwaka 964 chini ya mtawala Adud al-Dawla. Kilipofunguliwa mezani kwa mara ya kwanza, mjumbe mmoja alipekua kurasa kadhaa, akakipindua, akakigeuza tena, kisha akatangaza kwamba tumeuziwa kitabu kibovu kwa sababu kila kundi la nyota limechorwa mara mbili na mchoro wa pili umekaa kinyume. Ukumbi ukachafuka. Ilinibidi nisimame na chungwa mkononi nieleze. Mchoro mmoja ni kundi kama unavyoliona ukiwa umesimama chini unatazama juu. Wa pili ni kundi hilo hilo kama linavyochorwa kwenye tufe la anga, ambalo unalitazama kutoka nje, kwa hiyo kulia kunakuwa kushoto. Makundi yako 48, na yote yamefanyiwa hivyo. Kwenye ukurasa wa kundi la Andromeda, karibu na mdomo wa samaki aliyechorwa hapo, zipo nukta ndogo ambazo al-Sufi anaziita wingu dogo. Hiyo ndiyo galaksi jirani yetu, yaani mkusanyiko mkubwa wa nyota, aliyoiandika zaidi ya miaka 600 kabla ya darubini. Aliyesema kitabu ni kibovu alikiazima siku hiyo hiyo.

Pingamizi lililonisumbua zaidi, maana lina akili ndani yake, ni hili: kwa nini tusome falaki ambayo inajulikana kuwa si sahihi? Dunia katikati, jua linaizunguka, ya nini hayo mwaka huu? Hapa naomba mnivumilie. Ptolemy wa Iskandaria, karne ya pili, alieleza sayari kwa duara juu ya duara, na hesabu zake zilifanya kazi vizuri kiasi. Lakini ili zifanye kazi ilimbidi aweke nukta nje ya kitovu, aseme mwendo ni wa kasi moja ukiupimia hapo tu. Ibn al-Haytham, mzaliwa wa Basra aliyefanya kazi Kairo, aliandika kitabu kizima cha kumtilia shaka kwa sababu hiyo. Al-Tusi akatafuta njia nyingine. Ukichukua duara dogo likabingirika ndani ya duara ambalo kipenyo chake ni mara mbili, nukta iliyo kwenye ukingo wa lile dogo inakwenda na kurudi kwenye mstari ulionyooka. Mwalimu wetu wa hisabati alikata maduara hayo kwa wembe kutoka kwenye boksi la sabuni, akatoboa ukingo, akapitisha kalamu. Mstari ukatoka, umenyooka kweli. Waliokuwepo siku hiyo, nao walikuwa wachache mno, wanajua nasema nini.

Kisha kuna Ibn al-Shatir, aliyefariki mwaka 1375, mtunza nyakati za sala wa Msikiti wa Umawiyya mjini Damascus. Kwa hesabu ya Ptolemy mwezi wa nusu ungekuwa unatukaribia kiasi cha kuonekana karibu mara mbili ya ukubwa wake, jambo ambalo mvuvi yeyote wa Feri angelikataa bila kusoma. Ibn al-Shatir alilirekebisha. Mwaka 1957 msomi aitwaye Victor Roberts alionyesha kwamba mfano huo wa mwendo wa mwezi ndio ule ule uliomo katika kitabu cha 1543 cha Copernicus, mwanafalaki wa Poland. Njia uliyopitia kutoka Damascus kufika Poland wanahistoria bado wanaibishania. Lakini mtu aliyesoma haya hawezi tena kuniambia kwamba tulinunua makosa. Copernicus aliliweka jua katikati akitumia vifaa vya hesabu vilivyotengenezwa na watu walioiacha dunia pale pale.

Kikao kilichojaza ukumbi kilikuwa cha Ibn Majid, nahodha Mwarabu wa Julfar kwenye Ghuba, na kitabu chake cha bahari cha karibu mwaka 1490. Walikuja hata watu wa majahazi. Mzee mmoja alileta kibao chenye uzi na mafundo, akaushika uzi kwa meno na kutuonyesha namna ya kupima nyota imepanda vidole vingapi juu ya maji. Kwetu huku kusini ya ikweta Nyota ya Kaskazini haionekani, kwa hiyo wasafiri wa kwenda Kilwa na Sofala walihamia nyota nyingine, Farqadani na Nashi. Kikao kiliharibika kidogo niliposema kwamba ile hadithi ya Ibn Majid kumwongoza Vasco da Gama kutoka Malindi mwaka 1498 haina mguu imara, maana Barros, mwandishi wa Kireno wa karne iliyofuata, anamtaja rubani wa Gujarat. Wawili waliondoka kwa hasira. Mimi siwezi kubadilisha historia ili watu wamalize chai yao.

Kuhusu lugha ya vitabu, ni kweli vingi ni vya Kiingereza, na malalamiko nimeyasikia. Ndiyo maana muhtasari wa Kiswahili wa kila sura tuliyojadili niliuandika mimi, usiku, kwa umeme wangu, na kuutoa nakala kwa fedha yangu. Sisemi ili nisifiwe. Chaucer mwenyewe, mshairi wa Uingereza, mwaka 1391 aliandika maelezo ya astrolabu, chombo cha kupimia nyota, kwa Kiingereza chepesi kwa ajili ya mwanawe Lewis wa miaka kumi, kwa kuwa Kilatini cha mtoto kilikuwa kidogo. Maboksi ya vitabu pia niliyabeba kwa gari langu, na mafuta sikudai. Baadhi ya nakala za muhtasari nilizikuta zimefungia karanga nje ya ukumbi wetu.

Fedha. Bakaa ya mwaka jana 410,000, ada 1,380,000, mchango wa darubini 2,150,000, jumla 3,940,000. Matumizi: vitabu 14 pamoja na usafirishaji 2,480,000, ukumbi 600,000, kabati 350,000, chai na karatasi 285,000, jumla 3,715,000. Salio ni 225,000. Mkaguzi amepitia. Anayetaka stakabadhi aje na kitambulisho cha chama, kama amekilipia.

Na hapa ndipo moyo unaponiuma. Ada ni shilingi 60,000 kwa mwaka, yaani 5,000 kwa mwezi. Waliolipa ni 23. Wasiolipa ni 41, na deni lao ni 2,460,000. Naomba muitazame namba hiyo kisha muitazame ya vitabu. Tofauti ni shilingi 20,000, ambazo ningezitoa mfukoni leo hii. Kama wadaiwa wangelipa, vitabu vingenunuliwa na mchango wa darubini ungebaki ulivyo. Sasa nani ameila darubini? Katika walioandika maneno makali kundini, walio hai kwa ada ni wawili. Sitawataja wengine. Orodha imebandikwa mlangoni, na Mweka Hazina ameniomba niseme kwamba haikuwa wazo lake.

Mahudhurio nayo hayasemeki. Mtu anatuma kidole gumba kwenye tangazo la kikao, tunampikia chai, haonekani. Kikao cha Maragha tulikuwa sita, na mmoja alikuja kwa kukosea mlango, ingawa alikaa hadi mwisho na akauliza maswali mazuri kuliko wengi wetu.

Kwa mwaka ujao Kamati inatarajia kuendelea na usomaji, kutafuta ukumbi usioingia maji, kuangalia uwezekano wa kutengeneza astrolabu ya mbao na wanafunzi wa shule jirani, na, hali ya fedha ikiruhusu, kulirudia suala la darubini. Tarehe siwezi kuzitaja. Kuna wafadhili tunaozungumza nao, na mambo yakiiva mtaambiwa. Kiti changu kina mwaka mmoja kabla ya uchaguzi. Anayekitaka ahakikishe kwanza ada yake iko sawa, kwa mujibu wa kifungu cha wagombea.

La mwisho ni vitabu vilivyo nje. Kati ya 14, vilivyomo kabatini ni tisa. Vya Ibn Majid na Chaucer muda wake umepita. Cha al-Sufi hakijarudi tangu kile kikao, na aliyenacho anajijua. Akilete Jumamosi kwa Katibu, pamoja na ile karatasi ya plastiki ya kukifunikia.

Naomba kuwasilisha.

Mwenyekiti