Hukumu ninayo, nyumba sina

Ndugu Wakili,

Pole na kazi. Mimi ni mjane, naishi Morogoro. Marehemu mume wangu aliniachia nyumba ya vyumba vinne yenye frem moja ya biashara kwa mbele. Mirathi ilishafungwa na nyumba ina jina langu, kwa hiyo upande huo hauna neno. Kinachonikosesha usingizi ni mpangaji.

Aliingia kwa mkataba wa mwaka, kodi akilipa miezi sita sita. Mkataba ulipoisha hakulipa tena wala hakuhama. Nikampa notisi ya maandishi, tukaitwa kwa mwenyekiti wa mtaa, ikashindikana, nikafungua shauri Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Nilishinda: aondoke, alipe malimbikizo ya kodi na gharama za shauri. Siku 45 za kukata rufaa Mahakama Kuu zikapita, yeye kimya. Nikapeleka maombi ya kukaza hukumu, yaani itekelezwe kwa nguvu, akapewa siku 14 atekeleze mwenyewe au aje aeleze kwa nini asiondolewe. Hakutokea. Akateuliwa dalali wa kumtoa, akabandika notisi mlangoni, nami nikaanza kutafuta fundi rangi.

Siku ya kutoa vyombo dalali alikuja na gari, vijana wake na askari, na mwenyekiti wa mtaa alikuwepo kushuhudia. Kochi la kwanza lilikuwa limeshafika uani, mara akatokea kinyozi aliyemo kwenye ile frem, ameshika karatasi. Kumbe mpangaji wangu alimpangisha frem bila kunieleza, na kinyozi amefungua maombi ya kupinga utekelezaji kwa kuwa hakuwa sehemu ya shauri. Niliisoma karatasi ile. Ina muhuri wa kupokelewa, basi. Hakuna saini ya Mwenyekiti wa Baraza, hakuna amri ya zuio. Dalali akaipiga picha, akawaambia vijana warudishe kochi, wakapanda gari wakaondoka.

Hapa ndipo sielewi, Wakili. Kinyozi hoja yake ni frem. Vyumba vinne vya nyuma vinamhusu nini? Na maombi yaliyopokelewa tu masjala yanaweza kusimamisha amri ambayo Mwenyekiti wa Baraza ameshaisaini? Dalali anasema hataki lawama, na akirudi nimlipe upya gari na vijana. Nililipa ya kwanza kwa kuuza cherehani, ya pili sijui nitauza nini.

Kijana wangu wa mwisho ana ushauri wake: tuezue bati usiku, mvua itamaliza kesi. Nimemkatalia. Sikuhangaika barazani muda wote huo ili mwishoni nishtakiwe mimi kwa kuharibu mali. Lakini majirani wengi wako upande wake, wananiambia mama, hizo karatasi zako ukazipikie chai.

Halafu kuna hili lingine. Binti wa mpangaji yuko kidato cha nne, mtihani wake ni Novemba. Mama yake alikuja kwangu jioni, akalia, akaniomba niwaache hadi katikati ya Desemba, nisamehe malimbikizo, wao wataondoka bila dalali. Yule binti hana kosa, na kusema kweli malimbikizo nilishayakatia tamaa. Mtendaji wa mtaa ameshaandaa karatasi ya makubaliano, inasubiri saini yangu. Sijasaini. Jirani mmoja aliyewahi kuwa karani mahakamani ananitahadharisha kwamba nikisaini huko mtaani bila Baraza kuyaandika, kesho mpangaji atasema hukumu imekufa, tuna mkataba mpya. Na kama vile walisikizana, wiki hiyohiyo mpangaji akanitumia kodi ya mwezi mmoja kwa simu. Sikuiomba. Ipo tu kwenye simu, naogopa kuigusa na naogopa kuirudisha.

Naomba unieleze: naweza kuwapa hiyo nafasi hadi Desemba huku hukumu yangu ikibaki na nguvu, na kama ndiyo, makubaliano yaandikwe wapi na yaseme nini? Ile hela niifanyeje? Na huyu dalali, nikiona ananizungusha, naweza kuomba Baraza liniteulie mwingine, au ndiyo nimeshafungwa naye? Maombi ya kinyozi yatatajwa mwezi ujao, ningependa niende nikiwa na la kusema.

Mama mwenye nyumba,
Morogoro