Taka mbichi na moto: barua kutoka Copenhagen

Ba'mdogo, shikamoo.

Umeuliza kama mtambo wa hapa unaochoma taka ukatoa umeme ungefaa kuliondoa dampo la Pugu huko Dar es Salaam. Picha za watu wanaoteleza kwa ski juu ya paa la mtambo huo zimewapotosha wengi, wakadhani kazi ni kutia kiberiti.

Mtambo unaitwa Amager Bakke, ulianza 2017. Una matanuri mawili, kila moja limejengwa kumeza tani 35 kwa saa. Malori humwaga kwenye shimo kubwa la zege, na mimi nasema hapo ndipo umeme unapopatikana au kupotea. Mwendesha winchi huzichota taka, huzipandisha, huziachia tena, usiku na mchana, ili zenye majimaji zichanganyike na karatasi na plastiki. Likiingia fungu la mabichi matupu, joto linaporomoka. Ikiingia plastiki tupu, linapanda kupita kiasi na boila inaumia. Hewa ya kuwashia moto hufyonzwa humohumo shimoni, ndiyo maana harufu haitoki nje.

Tanurini taka husukumwa taratibu juu ya wavu wa vyuma: zinakauka, zinawaka, zinabaki majivu. Sheria ya Ulaya inataka moshi ukae walau sekunde 2 kwenye nyuzi 850, ili sumu ya daioksini iungue. Joto likielekea kushuka chini ya hapo, vichomeo vya gesi au mafuta huwashwa, na kuanzia hapo mnachoma hela.

Joto la moshi huchemsha maji, mvuke ukazungusha turbini ya kufua umeme. Klorini ya plastiki na chumvi hula mabomba ya boila, kwa hiyo mvuke hauruhusiwi kuwa wa moto sana. Hapa ni nyuzi 440 hivi. Ndiyo maana tani moja ya taka kwa kawaida hutoa kilowati-saa 500 hadi 600 tu za umeme. Wenzetu wanafidia kwa kuuza joto lililobaki: maji ya moto hupita kwa mabomba chini ya barabara hadi majumbani. Dar es Salaam nani atayanunua?

Moshi nao unatiwa chokaa kuua asidi, unga wa mkaa kunasa zebaki na daioksini, na amonia kuvunja oksidi za nitrojeni. Kila tani huacha majivu ya chini kama kilo 200. Vyuma huchambuliwa, mengine hutandazwa chini ya barabara. Majivu mepesi yanayonaswa kwenye moshi ni kilo 20 hadi 30, na hayo ni sumu, lazima yawe na pa kuzikwa. Wauzaji wa mitambo huyapita haraka.

Vinavyokwamisha ni vitu vya kila siku: mtungi wa gesi hulipuka, springi za godoro hukwama penye kutolea majivu, betri ya simu huwasha moto shimoni.

Kabla kamati yenu haijamsikiliza muuzaji yeyote, chukueni kilo 10 za taka za soko na 10 za majumbani, msimu wa masika. Pimeni, anikeni kila fungu peke yake juani juu ya bati hadi zikauke kabisa, pimeni tena. Fungu likibaki chini ya kilo 5, zaidi ya nusu yake ilikuwa maji, na moto wenu utaishia kuchemsha maji hayo. Taka hizo zitengenezeeni mboji, msizipeleke tanurini.

Nitumie vipimo. Msalimie Ma'mdogo na wadogo zangu wote.

Mwanao.