Faragha ya hotelini

Ndugu Mhariri,

Mara ya mwisho kukuandikia, laini za simu zilikuwa zikinunuliwa kama karanga, bila kuulizwa kitambulisho. Tangu hapo nimekaa kimya. Juzi mmenitoa kimyani kwa ile habari ya watetezi wa faragha na ratiba yao ya makongamano: Kampala, Nairobi, kisha Ulaya, na nani atahutubia siku gani. Karibu nusu ukurasa! Sikuona mstari hata mmoja unaosema hiyo faragha itafikaje huku kwetu Walukuba, mjini Jinja, Uganda, wala kwa lugha gani.

Nawauliza kwa sababu semina za namna hiyo nimezikalia. Mwaka jana mwenyekiti wetu wa LC1, yaani baraza la kijiji, aliambiwa apeleke wazee watatu kwenye mafunzo ya siku moja ya faragha, hapa hapa Jinja, na mimi nikawa mmoja wao. Langoni mwa hoteli askari akachukua kitambulisho changu cha taifa, akakitupia ndani ya boksi la viatu pamoja na vya wenzangu, akanipa kibati. Mlangoni, binti mmoja mchangamfu akanisogezea karatasi ya mahudhurio: majina yote kama yalivyo kwenye kitambulisho, jinsia, umri, kijiji, namba ya simu, namba ya kitambulisho, saini. Mimi nilikuwa mstari wa 23. Wale 22 wa juu yangu niliwasoma wote, taratibu, nikajua na umri wa mama mmoja wa mtaani kwetu ambaye miaka nenda miaka rudi ana hamsini. Nikamuuliza, "Binti, namba ya kitambulisho ni ya nini?" Akanijibu, "Mzee, wewe jaza tu, wafadhili wanaitaka." Nikajaza. Ndani tukamkuta bwana mwenye tai, anatufundisha kwa Kiingereza kwamba Sheria ya Ulinzi wa Data na Faragha ya mwaka 2019 inamkataza mtu kukusanya taarifa kuliko anazohitaji, na kwamba anayezichukua lazima akwambie anazichukulia nini. Nikageuza shingo kuitazama ile karatasi. Ilikuwa peke yake mezani, imekandamizwa na chupa ya maji isipeperuke, na kijana aliyekuwa akipanga viti ameiinamia na simu yake, anaipiga picha. Labda alitumwa. Saa kumi jioni ikaja karatasi ya pili, ya nauli: jina tena, namba tena, saini tena, ndipo ukapewa shilingi zako 20,000. Hakuna aliyekataa, nami nikiwemo. Nani akatae nauli?

Wiki tatu baadaye simu ikalia. Anayepiga akanitaja majina yangu matatu, akasema yeye ni wa kampuni ya simu, laini yangu inafungwa jioni hiyo, nimsomee tarakimu zilizoingia sasa hivi. Nikamsomea. Zikaondoka shilingi 85,000 za karo ya mjukuu. Siwezi kuapa kwamba ni ile karatasi, maana namba yangu iko zahanati, iko SACCO, iko kwenye daftari la kila askari wa lango mjini hapa. Lakini lile jina la tatu ni la babu yangu. Silitumii popote, hata mke wangu hulisahau, na nililiandika siku ile kwa sababu tu binti alisisitiza "kama yalivyo kwenye kitambulisho".

Na karatasi hizi huishia wapi? Mwezi uliopita nilinunua chapati ya mayai, hii tunayoiita rolex, nikafungiwa ndani ya fomu ya mtu aliyeomba mkopo. Picha yake ndogo ilikuwa bado imebandikwa, mafuta yamemfika kidevuni. Nilikula huku ananitazama. Mpishi nilipomuuliza karatasi kaitoa wapi, alisema huzinunua kwa kilo.

Kuhusu lugha, mimi nimefanya kazi katika kiwanda cha nguo miaka 26, na pale Msoga, Mganda, Mwacholi na Mluo walielewana kwa Kiswahili. Katiba yetu imekitambua kuwa lugha rasmi ya pili tangu 2005, na mwaka 2022 Baraza la Mawaziri likaamua kifundishwe kwa lazima shuleni. Hotelini hakijafika. Nasikia pia ipo Ofisi ya Ulinzi wa Data Binafsi, chini ya NITA-U, mamlaka ya taifa ya teknolojia ya habari, ya kupokea malalamiko, na kwamba mahakama inaweza kuitoza kampuni iliyokosa hadi asilimia 2 ya mapato yake ya mwaka. Haya niliyasoma mwenyewe baadaye. Siku ile tulikuwa tumefika kwenye chai.

Basi wakirudi kutoka Ulaya, wenye ratiba yao wafanye kongamano moja Walukuba, Jumamosi, baada ya soko. Viti tutaazima kwa watu wa msiba. Wafadhili wakitaka kujua tulikuwa wangapi, iwekwe ndoo mlangoni, kila anayeingia atumbukize harage moja. Jioni wayahesabu mbele yetu, waandike namba hiyo moja, wakampelekee mfadhili. Nauli wampe kila mtu mkononi, na asiyeamini asimame ahesabu vichwa. Maharage yenyewe watuachie.

Jina langu na namba ya simu mnavyo, kwa kuwa nanyi hamchapishi barua bila kuvidai. Vifungieni kabatini, visije vikafungia chapati.

Mstari wa 23,
Walukuba, Jinja