Risala ya Vijana wa Darasa la Kuogelea kwa Mgeni Rasmi, Portland, Oregon

Ndugu Mgeni Rasmi, nahodha mstaafu wa boti za uokoaji;
Wachungaji na masheikh mliofika;
Baba zetu, mama zetu, kaka na dada;
Hamjambo, na karibuni sana.

Mgeni Rasmi, tunakushukuru kwa kukubali mwaliko na kuendesha gari kutoka mdomo wa mto Columbia hadi hapa katika mvua hii. Kijana aliyeketi kando yako atakutafsiria. Mengi tutakayoyasema unayajua kuliko sisi, na tukikosea utatusamehe. Tunayasema kwa ajili ya wazazi wetu, maana mpaka leo wapo wanaouliza kwa nini watoto wanapelekwa majini wakati mtu mwenye akili timamu huyakimbia maji.

Darasa letu lilianza miaka mitatu iliyopita, baada ya mwenzetu kuchukuliwa na mkondo katika mto Sandy siku ya pikiniki. Jua lilikuwa kali, lakini maji yale hutoka kwenye barafu ya mlima Hood. Mwenzetu alikuwa anajua kuogelea, alijifunzia Ziwa Tanganyika, pale mji wa Baraka, Kongo, ambako maji hayamshtui mtu. Huku baridi ilimkata pumzi kabla hajapiga hata mikono miwili. Mvuvi mmoja alimrushia kamba akamvuta. Wengi tuliobaki ukingoni tumekulia kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, Tanzania, na maji tuliyoyazoea ni ya bomba, tena ya foleni. Tulisimama tunapiga kelele tu. Kelele zile ndizo zilizotuleta bwawani.

Mgeni Rasmi, mwezi wa kumi ulitupokea Cape Disappointment, ng'ambo ya Washington. Ulitupandisha kwenye jabali lenye mnara wa taa uliowashwa mwaka 1856, ukatuonyesha pale mto unapokutana na bahari. Kwa ambao hawakuwepo: mto Columbia unashuka na maji mengi na mchanga wake, Pasifiki nayo inaleta mawimbi yaliyosafiri kutoka mbali. Vinakutana juu ya fungu la mchanga, mahali pa kina kifupi. Maji yakiwa yanakupwa, mto na kupwa vinasukumana na mawimbi hayo uso kwa uso, basi wimbi linainuka wima na kuvunjika. Tangu mwaka 1792 vyombo vipatavyo 2,000 vimepotelea eneo hilo.

Siku ile boti mbili za uokoaji za walinzi wa pwani zilikuwa mazoezini. Ni boti za aluminiamu zisizopakwa rangi, zenye mstari mwekundu ubavuni, urefu futi 47, mabaharia wanne. Moja ilipanda wimbi, ikasimama kama mbuzi anayetaka kula majani ya juu, kisha ikatoweka. Tukahesabu: moja, mbili, tatu, nne. Mama mmoja akapiga kelele, "Yesu wangu!" Boti ikachomoza, maji yakimwagika pande zote. Mama huyo yuko ukumbini. Hatutamtaja.

Ulituambia boti hizo zimetengenezwa kuhimili upepo wa noti 50, yaani kama kilomita 93 kwa saa, na mawimbi yanayovunjika ya futi 20, na kwamba ikipinduka inajigeuza yenyewe ikiwa na watu wake waliojifunga mikanda. Vijana tulifurahi sana hapo. Wewe hukufurahi. Ulisema boti inajigeuza, lakini shingo ya mtu haijigeuzi, na kwamba nahodha mzuri ni yule ambaye hajawahi kuijaribu sifa hiyo.

Ndipo ukatueleza ufundi wenyewe. Nahodha hakanyagi mafuta tu. Anakaa nje ya mapovu akiyasoma mawimbi, maana huja kwa mafungu, na baina ya fungu na fungu kuna nafasi. Wimbi likimkuta, analielekezea pua moja kwa moja, anaongeza mashine kulipanda, na karibu na kilele anapunguza, la sivyo boti itaruka na kuangukia tumbo upande wa pili. Kurudi ndiko kugumu zaidi. Wimbi linatoka nyuma, na likiikuta boti linainua tezi, yaani sehemu yake ya nyuma, boti inalala ubavu, imekwisha. Kwa hiyo anajiweka mgongoni mwa wimbi lililotangulia na kwenda nalo, huku baharia mmoja akitazama nyuma na kuita kila linalokuja.

Pale chini ya jabali ndipo ilipo shule ya walinzi wa pwani ya kufundishia manahodha hawa, na Marekani nzima hakuna nyingine ya aina hiyo. Mtu huanza kama baharia wa kawaida, awe nahodha wa boti, kisha nahodha wa hali mbaya ya hewa, na baada ya miaka kadhaa ndiyo afikirie ngazi ya juu, ile ya mawimbi yanayovunjika ya zaidi ya futi 8. Karatasi haimfuzishi mtu. Aliyetangulia lazima asimame kando yake botini, wimbi baada ya wimbi. Akifuzu anapewa beji, na namba yake inaingia daftarini.

Ulitusimulia pia usiku wa tarehe 12 Januari 1961. Chombo cha uvuvi, Mermaid, kiliharibika usukani kikiwa na watu wawili. Boti kadhaa zilitoka kwenda kukiokoa. Ya futi 52 iliyoitwa Triumph ilipinduka, mabaharia watano kati ya sita wakafa, na wavuvi wale wawili hawakupona. Boti ya futi 40 nayo ilipinduka. Watu wake waliokotwa na nyingine ya futi 36, ambayo ilijikokota hadi kwenye meli ya taa, ile inayotia nanga baharini kama mnara wa taa, ikawakabidhi wote salama, kisha ikazama. Uliposimulia hayo ulikuwa unatazama maji, hukututazama sisi.

Tuna jambo letu la kuongeza, na hili tulilitafuta wenyewe. Kazi hii ina mababu weusi. Katika kisiwa cha Pea Island, North Carolina, Richard Etheridge, aliyezaliwa mtumwa, aliteuliwa mwaka 1880 kuwa mkuu wa kituo cha uokoaji, na kikosi chake chote kikawa cha watu weusi. Ratiba za vituo vya enzi hizo zilikuwa na siku ya boti, siku ya kamba na mzinga wa kurushia kamba, siku ya kumrudishia mtu pumzi. Tarehe 11 Oktoba 1896, katika tufani, meli ya matanga E.S. Newman ilikwama. Bahari ilikuwa imefunika ufukwe, mzinga haukuwa na pa kusimikwa. Wakawafunga wenzao wawili kwa kamba moja, wakaogelea hadi melini, wakarudi na mtu. Wakafanya hivyo mara tisa, na watu wote tisa wakatoka, akiwemo mke wa nahodha na mtoto wao mdogo. Medali ya Dhahabu ya Uokoaji ilitolewa kwa kikosi hicho mwaka 1996. Miaka mia moja, Mgeni Rasmi! Hata foleni ya Nyarugusu haikufika huko.

Mafanikio yetu ni madogo. Vijana kumi na wanne wanaweza kuelea dakika kumi na kurusha kamba ikamfikia mtu. Mabinti wanaovaa hijabu sasa wana saa yao bwawani. Changamoto ni majaketi ya kujiokolea, ambayo hayatoshi, na bwawa tunalokodi, ambalo saa zake ni za usiku na basi la mwisho halitusubiri.

Maombi yetu ni mawili. La kwanza, utusaidie kupata majaketi, hata yaliyotumika. La pili, wawili kati yetu wanataka kujiunga na walinzi wa pwani. Mmoja ana kadi ya ukaazi wa kudumu, mwingine bado anaisubiri. Kaa nao baada ya chakula, uwaambie ukweli kuhusu baridi, usiku na mgongo. Mama zao wameomba wawepo katika mazungumzo hayo, na mmojawapo ni yule wa jabalini.

Tunaomba kuwasilisha.